Aliyefukia Majani

Jumatatu, 3 Machi 1997

Matuta kumi leo. Mgongo umekataa la kumi na moja. Majani mwaka huu yananifika kifuani. Unayafyeka, unayalaza duara, unayafunika kwa udongo mpaka tuta linasimama kama chungu kilichofudikizwa. Hiyo ndiyo ntumba. Marehemu bibi alisema ni kaburi la majani, na msimu ujao yanafufuka yakiwa ulezi. Padre hakuwahi kumsikia.

Enzi za mbolea ya serikali watu waliicheka ntumba. Kazi ya vikongwe. Sasa mbolea imeambiwa ijitafutie soko, na waliocheka wamerudi na majembe mabegani. Nyuso kavu kabisa.

Didasi alisimama mpakani muda mrefu. Yeye ni mdogo wa Leonsi, marehemu mume wangu, Mungu amrehemu. "Shemeji, unachapa kazi kama mwanaume." Mtu akisifia shamba lako, kagua mipaka.

Jumatano, 5 Machi

Manane tu. Mikono imetoka malengelenge, hata kalamu inauma.

Sheria ya huku haijaandikwa popote na hakuna asiyeijua. Aliyefukia majani ndiye atakayepanda ulezi. Hata awe mjane. Hata awe mimi. Msimu ukipita bila matuta, shamba la mume linarudi kwa ukoo wake, na ukoo wake ni Didasi. Kwa hiyo nafukia. Umebaki upande wa mtoni.

Jumamosi, 8 Machi

Mkutano wa kijiji. Mwenyekiti kaja na madaftari mawili mapya. Moja la wenyeji, moja la wahamiaji. Kuna mfanyabiashara wa mjini anataka eneo kubwa alime mahindi. Soko huria, anasema Mwenyekiti, kila mtu auze anapotaka. Ila kwanza wapatikane wa kuhama. Wafugaji waliopanda kutoka bondeni wanaharibu ardhi, anasema. Familia tatu. Wateremke kabla mvua hazijaisha.

Ng'ombe wa familia zote tatu hawafikii mbuzi wa Mwenyekiti kwa uharibifu. Hilo halikuandikwa.

Likafika jina langu. Katibu akasimamisha kalamu hewani. Baba yangu Msukuma, alifika Milepa, kule bondeni, na ng'ombe kabla sijazaliwa. Mama Mfipa wa hapa juu. Nimelelewa na bibi, kwa Kifipa, na Kifipa changu kinampita Mwenyekiti, ambaye akikasirika hukimbilia Kiswahili. Kisukuma changu kinatosha kufukuza ng'ombe na kuomba maji. Kanisani ni Skolastika. Baba aliniita Kabula. Watu wa hapa hulikumbuka jina la pili wanapotaka kitu changu.

"Huyu tumwache kwanza," Mwenyekiti akasema. Katibu akaniandika kwa penseli.

Jumapili, 9 Machi

Baada ya misa Mzee Masanja alikuja nyumbani na mkewe. Ndiye mkubwa wa zile familia tatu. Ana misimu miwili tu hapa juu. Mtu mrefu, anainama mlangoni hata pale ambapo mlango unamtosha. Wanataka barua ya kwenda wilayani.

"Mayu," akaniita, mama kwa Kisukuma, "wewe unaandika."

Naandika, ndiyo. Nilijifunza kwenye katekisimu na magazeti ya kufungia maandazi, ndiyo maana mpaka leo habari nyingi ninazozijua hazina mwisho. Nikawaambia wamtafute mwalimu. Mwalimu amekataa, anaogopa uhamisho. Nikawaambia nitafikiri.

Nimefikiri. Nikiwaandikia, penseli inakuwa wino, tena kwenye daftari la pili. Nisipowaandikia, nalima kwa amani. Mimi si mtu wa haki. Mimi ni mtu wa ulezi.

Jumanne, 11 Machi

Nimeandika. Sijui kwa nini. Labda ni mke wa Masanja. Alikuja peke yake asubuhi, hakuomba kitu, akakaa akinisaidia kupeta mahindi. Akaniuliza kama huku juu makaburi ya watoto wanayahamisha watu wakihamishwa. Ana mmoja hapa. Wa mwaka jana.

Kurasa mbili. Nimeandika kwamba walipokelewa na kijiji hiki hiki, kwa mkono wa Mwenyekiti huyu huyu, na ng'ombe dume mmoja akachinjwa siku ile. Nimeandika nani alikula. Mimi nilikula.

Chini wakatia dole gumba. Nafasi ya mwandishi nikaweka majina yangu yote mawili.

Matuta yamekwisha. Shamba zima limesimama. Nimeomba lifti ya lori kwa kesho.

Ijumaa, 14 Machi

Mjini, Mazwi, kwa binamu yangu. Siku mbili nimekaa kwenye benchi la ofisi ya wilaya. Benchi nimelifahamu vizuri. Leo kijana mmoja mwenye tai akapokea barua, akasoma ukurasa wa kwanza, akaniangalia miguuni.

"Mama, wewe ni kabila gani?"

Nikamwambia barua imeandikwa kwa Kiswahili.

Akagonga muhuri. Nikaondoka haraka kabla hajaufuta.

Mazwi kila mlango duka. Mitumba imetandazwa hadi kwenye ngazi za watu. Nilimwona mwanamke amevaa koti la theluji. Na kibaridi cha Sumbawanga, sikumcheka.

Jumamosi, 15 Machi

Shamba halipo.

Niandike tena, labda nitaelewa. Shamba lipo. Matuta hayapo. Hata moja. Ardhi tambarare, nyeusi, mistari imenyooka kutoka njiani mpaka mtoni. Majani yangu yamechanwachanwa yamelala juu kama nywele kinyozini.

Masanja alikuwa amesimama mwisho wa shamba na wanawe wawili na jembe la ng'ombe. Jasho linamtiririka. Anatabasamu. Mzee yule huwa hatabasamu.

"Mayu, tumekuona unateseka na kijembe, unakusanya takataka chungu chungu. Tumekumalizia. Asubuhi moja!"

Ni shukrani ya barua. Bondeni hakuna matuta. Kule shamba likiwa na vichuguu, limetupwa. Ng'ombe walisumbuka, akasema, lakini aliwasemesha.

Nikamshukuru. Ndiyo, nilimshukuru. Nikaingia ndani, nikauma kanga.

Jumapili, 16 Machi

Sikwenda misa. Nawachukia. Nimwandike Masanja hapa: mjinga, mjinga, mjinga. Miaka arobaini namwambia kila mtu mimi si wao, na wao wananitendea wema kama ndugu.

Kufukia upya haiwezekani. Majani yameshakatika, mvua zinaelekea ukingoni. Na mikono hii.

Jumatatu, 17 Machi

Didasi alipita. Akaangalia shamba, akavua kofia kama yupo msibani. "Pole sana, shemeji." Nilimsikia akipiga mluzi akifika kisimani.

Jumatano, 19 Machi

Mwenyekiti mwenyewe kaja, tena kwa baiskeli aliyoipangusa. Kakalia kigoda changu. Anajua habari za barua. Hajakasirika, na hilo ndilo baya.

Alichosema ni hiki. Jumamosi baraza la wazee linakaa. Niseme wafugaji wameingia shambani kwa mjane bila ruhusa na kuvunja ntumba. Basi. Uharibifu umeonekana kwa macho, barua yangu itakuwa karatasi tu. Wazee watayahesabu matuta kana kwamba bado yapo, shamba libaki langu, na jina langu litaandikwa kwa wino kwenye daftari la kwanza.

"Sikutumi useme uongo, mama. Sema ukweli tu."

Kweli. Miaka yote nangoja mtu aje kuniomba niseme ukweli kwa faida yangu. Amekuja, na ni huyu.

Alhamisi, 20 Machi

Sijala. Uji umeganda kwenye sufuria.

Ijumaa, 21 Machi

Nitasema ukweli. Nimeamua. Hawakuniuliza. Wamenivunjia. Bila shamba mimi ni nani hapa? Mpangaji wa nyumba ya marehemu. Masanja ana ng'ombe, ataenda popote, ng'ombe wana miguu. Ntumba haina.

Mkewe amenipitishia maziwa. Hajui chochote. Nimeyapokea. Nimeyanywa yote.

Jumamosi, 22 Machi

Baraza lilikaa shambani kwangu. Wazee watano, wameegemea fimbo. Didasi kwa nyuma, kavaa shati la Pasaka kabla ya Pasaka. Masanja kaitwa. Sasa alikuwa ameshaambiwa ni nini alichokivunja. Alikuwa anatazama ardhi kama mtu aliyeangusha mtoto.

Mzee mkubwa akaniuliza kwa Kifipa, taratibu. Nani amelaza matuta haya?

Ukweli ulikuwa umekaa tayari mdomoni. Nilikuwa nimeufanyia mazoezi. Nikamwona Mwenyekiti amefungua daftari, kalamu ya wino mkononi.

Nikasema, mimi ndiye niliyewaita walime.

Mwenyekiti akasema, mama, fikiri vizuri. Nikarudia, kwa Kiswahili, ili katibu asipate shida.

Masanja akataka kusema. Mkewe akamshika mkono.

Mzee mkubwa akavuta pumzi. Akasema mtu akilaza matuta yake mwenyewe, ameliacha shamba. Alisema kwa huruma. Anaijua sheria, na mimi naijua, na alijua kwamba naijua.

Didasi hakupiga mluzi leo.

Sijisikii vizuri. Watu husema ukitenda haki moyo unakuwa mwepesi. Wangu umekaa kama jiwe la kusagia. Nimefanya upumbavu na siwezi kuurudisha.

Alhamisi Kuu, 27 Machi

Mtu wa wilaya kaja na pikipiki, barua yangu imekunjwa mfukoni kwake. Kauliza ushahidi wa uharibifu. Hakuna. Kachukua madaftari yote mawili. Familia tatu zikae mpaka mavuno, kasema, ndipo itaangaliwa upya.

Mpaka mavuno. Nimepoteza shamba la maisha ili watu wapate miezi.

Masanja kanikatia robo ya shamba lake. Sasa nina ardhi niliyopewa na mtu asiye na ardhi. Sikucheka mbele yake.

Jumatano, 9 Aprili

Manyunyu asubuhi, kisha jua.

Mke wa Didasi alikuja, na mbegu za maharage kwenye ungo. Alisimama uani bila kukaa. Akaniamkia shikamoo, ingawa tumepishana mwaka mmoja tu. Akauliza, maji yanatuama upande gani kule shambani, ambako sasa ni kwao, maana maharage yataoza.

Nilikuwa namenya viazi. Nikamaliza kile cha mkononi.

Nikamwambia. Chini ya mti mkavu, hatua kama ishirini kwenda mtoni. Pale asipande, aachie majani. Na apande mapema juu kwenye kichanga, panakauka haraka.

Akashukuru, akaondoka. Shamba halina kosa.

Viazi vimeiva.