Nilidanganya Simu, Akaumia Zamda

Mpendwa Mama Ottilia, shikamoo. Naomba msaada wako na naomba unijibu upesi, maana barua hii naiandika nimesimama, nikikaa naona kama kiti kina siafu, naandika mistari miwili naenda dirishani, narudi, naenda tena, mpaka wanafunzi wangu wa darasa la nne wameanza kuniuliza, "Mwalimu, unamngoja nani?"

Naitwa Marselina, nina miaka ishirini na saba, nafundisha shule ya msingi huku Mpepai. Nilipokuwa chuoni Arusha nilijifunza mchezo wa kupanda kuta, ule wa kushika vishikio vilivyofungwa ukutani na kujivuta juu kwa vidole na miguu, nikaupenda kuliko kitu chochote, na niliporudi nyumbani nikaukosa mpaka nikakonda, basi nikamwomba baba mdogo wangu Wendelin, ambaye ni seremala, akanijengea ukuta wa mbao ndani ya ghala lake la zamani la kahawa, umeinama kwa mbele, vishikio amevichonga kwa mkono wake mwenyewe.

Mwenzangu ni Zamda, binti wa Mzee Abdulmajid mwenye duka la vitambaa Mbinga mjini. Zamda ni fundi cherehani hapohapo dukani, tulijuana nilipompelekea sketi aipunguze, akaishika mikono yangu akaniuliza, "Mwalimu gani ana sugu hivi?" nikamwambia njoo uone, akaja, na tangu siku hiyo hajakosa. Ana kilo hamsini na moja, akiwa ukutani humsikii hata akihema.

Mwezi wa pili tukapata habari kwamba klabu ya wapandaji ya huko Arusha itakuja Liuli mwishoni mwa Juni, kwenye yale mawe makubwa ya ufukweni, kuchagua watu wa kufundishwa kazi ya kuongoza wageni, na wanachagua wawili wawili, Mama, mtu peke yake hapokelewi. Mimi na Zamda tukashikana mikono palepale. Nikaweka kwenye simu programu ya mazoezi ya kupanda ambayo niliisikia chuoni, na hapo ndipo matatizo yangu yalipoanza.

Programu yenyewe si mbaya, inakupangia kila kitu, ning'inia kwa vidole sekunde kumi, pumzika, funga uzito kiasi hiki kiunoni, inalia uanze, inalia uache. Lakini imetengenezwa kwa watu wenye mtandao muda wote. Ghalani kwetu mtandao haufiki, mpaka nipande kilimani kule barabarani ndiyo ifungue zoezi la siku, na ikipita siku sijafungua inahesabu nimekosa inanirudisha wiki ya kwanza. Inapokea mtu mmoja tu kwa simu moja, na Zamda simu yake ni ya vibonye. Na ukimaliza inakuuliza swali moja, zoezi lilikuwa rahisi, la wastani au gumu, hakuna mahali pa kusema kuna kitu kinauma.

Iliporudi wiki ya kwanza kwa mara ya tatu nilikaribia kuitupa simu bondeni, ndipo nikagundua ujanja, nikiwa kilimani napakua mazoezi ya wiki nzima, nikifika ghalani nazima mtandao nasogeza mbele tarehe ya simu, na zoezi linafunguka. Nilifurahi kama mtoto. Mwanzoni nilikuwa nasogeza ili kufidia siku tulizokosa, kweli kabisa, lakini Juni ilikuwa inakuja mbio na mimi sina subira, nikaanza kuruka na siku za mapumziko, programu ikaamini tumepumzika siku mbili kumbe tulifanya jana, na ikiuliza nabonyeza "rahisi" ili itupandishe haraka. Halafu uzito wa mwili niliouandika ni wangu, kilo sitini na nane, kwa hiyo mzigo inaopanga ni wa mtu kama mimi, na Zamda alikuwa anabeba huohuo.

Aliniuliza, Mama. Mara ya kwanza alisema, "Marse, mbona leo tena? Si tulifanya jana?" nikamjibu, "Ndivyo programu inavyosema." Mara ya pili akasema, "Iulize vizuri, mimi vidole vinawaka," nikamjibu hivyohivyo.

Jumamosi iliyopita tulimfunga mfuko wa mchanga kiunoni, akaning'inia, na kwenye sekunde ya saba nikasikia sauti kama kijiti kinavunjika. Akaanguka kwenye godoro ameshika kidole cha pete cha mkono wa kulia. Hakulia. Alisema, "Nisamehe, nimekuangusha, mikono yangu imezoea sindano tu," na mimi nikamwambia hamna shida, itapona. Mimi ndiye niliyemsamehe yeye!

Sasa kidole kimevimba, amekizungushia plasta, anasema wiki ijayo tunaendelea. Juzi nilipita dukani, Mzee Abdulmajid akanisogelea akaniuliza, "Mwalimu, mwenzako huyu amefanya nini mkono? Ameshona shati moja tangu asubuhi," nikamwambia labda ni cherehani. Na programu kila asubuhi inalia inatuambia tuendelee.

Nikimwambia ukweli nitampoteza yeye na nitaipoteza Liuli. Nisipomwambia ataning'inia tena na kidole kile. Nifanye nini, Mama, au ningoje Juni ipite?

Marselina, Mpepai

*

Marhaba, Marselina.

Barua yako sikuiacha ingoje foleni ya gazeti. Uliandika namba yako nyuma ya bahasha, nikakupigia siku ileile ilipofika, na haya ndiyo niliyokwambia. Nayachapa kwa sababu mmeniruhusu wote wawili, wewe na Zamda, kila mmoja kwa simu yake, na kwa sababu wapo wengi wanaotii simu kuliko wanavyowatii wenzao.

Kwanza kidole. Mimi si daktari na wewe pia si daktari. Kidole kilichotoa sauti na kuvimba kinapelekwa hospitali leo, na wewe ndiye wa kumpeleka. Plasta si matibabu. Kuning'inia hakuna, mpaka mganga mwenyewe aseme.

Pili, usiniulize kama umwambie. Wewe mwenyewe umeandika kwamba asipojua ataning'inia tena, kwa hiyo jibu unalo, unachotafuta ni mtu wa kukuruhusu uchelewe, na huyo si mimi. Utamwambia kabla hamjafika kwa mganga, ili naye mganga aambiwe kweli. Useme: nilisogeza tarehe, niliruka mapumziko, nilikubebesha mzigo wa mwili wangu, na uliponiuliza nilikudanganya. Usianze na mtandao wa kilimani. Mtandao ni mbovu, nakubali, nami simu yangu hunikatikia katikati ya sentensi, lakini mtandao haukumjibu Zamda "ndivyo programu inavyosema". Ulijibu wewe.

Nakuonea huruma, binti. Najua kupenda kitu ambacho hapa kwetu hakuna anayekijua, ukakijenga kwa mbao na ubishi, halafu ukaona siku zinakukimbia. Lakini hofu yako ya kuchelewa uliifunga kiunoni kwa mtu mwingine.

Tatu, nenda kwa Mzee Abdulmajid ukamwondolee lile neno la cherehani. Mtu amekaribisha rafiki wa binti yake dukani, na rafiki amemwongopea akimtazama usoni.

Na hiyo programu: kama haiwezi kufanya kazi pasipo mtandao, isiachiwe kazi ya kuongoza. Nunua madaftari mawili, lako na la Zamda, kila mmoja na uzito wake. Ukiwa kilimani soma zoezi, liandike, shuka nalo. Sekunde kumi zinahesabiwa na saa yoyote, hata saa ya simu yake ya vibonye. Siku ya mapumziko iandikwe kwa wino. Na mwisho wa kila ukurasa uweke swali ambalo programu haiulizi: wapi panauma? Jibu aandike mwenye mwili, asiandikiwe. Programu ikikurudisha wiki ya kwanza, iache irudi, daftari linajua mlipofika. Kisha waandikie walioitengeneza uwaeleze hayo yote, pengine watarekebisha.

Kuhusu Liuli, waandikie klabu leo kwamba mwenzako ameumia, uwaulize kama wanapokea maombi ya baadaye. Usitafute mwenza mwingine kwa siri.

*

Wiki mbili baadaye nilipata ujumbe wa Marselina, nao nauchapa kama ulivyokuja:

"Mama, nilimwambia tukiwa njiani kwenda hospitali. Alisimama, akaniuliza, 'Hata mara ya pili?' nikasema hata mara ya pili. Akatangulia peke yake mpaka kwa mganga. Hakijavunjika, ni mshipa wa ndani umechanika kidogo, wiki sita bila kuning'inia na wiki nne bila cherehani. Nikamwambia nitafanya lolote. Akasema, 'Kidole kitapona, Marse. Ila mimi nilikuuliza.' Baba yake alinisikiliza mpaka mwisho, akaniambia, 'Umechelewa kuja, lakini umekuja,' akaendelea kupima kitambaa. Klabu wamejibu kwamba watarudi Novemba. Ni siku kumi leo Zamda hapokei simu yangu, na mimi siwezi kutulia, kila saa nataka kuondoka niende Mbinga nikapige magoti pale dukani."

Usiende kupiga magoti, Marselina. Magoti yako yatamlazimisha akufariji, na ameshakuomba msamaha mara moja kwa kosa lako mwenyewe. Aliponiruhusu nichape, Zamda aliniambia mashati ya shule yamerundikana mezani kwake, na mkono wake mmoja hauwezi mkasi. Nenda kila siku baada ya kufundisha, umwamkie baba yake, umwambie Zamda: "Nimekuja kukata, nionyeshe mstari." Akikufukuza, rudi nyumbani bila kulalamika, na kesho uende tena. Akikupa mkasi, kata, usimtajie Novemba hata kwa bahati mbaya.

Na siku atakapokuuliza jambo, dogo au kubwa, mjibu kweli mara ya kwanza.