Miwani Halisi ya Baba Rumba

MAELEZO YA SHAHIDI

Jina: Kucha. La kitambulisho mnalo, ila kwa hilo siitiki.
Umri: Miaka 19.
Kazi: Zimwi mkuu, filamu za kutisha.
Makazi: Kwa shangazi, nyuma ya karakana ya makochi.

Shule niliiacha njiani, au yenyewe ndiyo iliniacha, lakini kwa kufa mbele ya kamera hakuna wa kunigusa. Uliza mtaa wowote.

Mnamo tarehe 12, Jumanne, saa nne asubuhi, tulikuwa kwenye ghala la zamani la magunia tukirekodi. Alikuwepo Baba Rumba, mwimbaji wa dansi wa enzi zile. Mzee huyu haigizi mtu mwingine. Kila filamu ni yeye mwenyewe: jina lake, suti yake nyeupe, miwani yake nyeusi. Mazimwi tukimvamia, yeye hupiga kelele, "Jamani, hii si filamu!" Watu huvunjika mbavu. Ndiyo riziki yake.

Ana sharti moja. Kabla ya kukabwa hunikabidhi miwani halisi, anavaa ya bandia. Husema, "Shingo itapona, Kucha. Miwani alininunulia marehemu mama yenu," yaani mkewe.

Mazimwi tuko wanne, wote pekupeku, maana zimwi halivai viatu. Nikiwa mlangoni napakwa damu, nikaona wa tano anatokea nyuma ya magunia, na viatu vyeusi vya ngozi. Mwelekezi wetu husimamisha kamera hata zimwi likipiga chafya. Siku hiyo aliiacha iendelee.

Wa tano akamkaba mzee. Mzee akalia, "Jamani, hii si filamu! Kucha, mwanangu, hii si filamu!"

Tukacheka. Mimi nilicheka kuwashinda wote. Nikamjibu, "Ongeza sauti, Baba, huku nyuma hawasikii!"

Akaburutwa nje kwa mlango wa mizigo. Mwelekezi akasema, "Safi sana. Mkale."

Nikapapasa mfuko nimrudishie miwani yake. Mfuko mtupu. Hakunipa. Niliikuta sakafuni, ile halisi, kioo kimoja kimepasuka. Hapo ndipo nilipokumbuka kwamba aliniita jina. Kwenye filamu sina jina, afande. Zimwi ni zimwi.

Nje hapakuwa na mtu. Nilimuuliza mwelekezi, akanijibu, "Mzee amekwenda kupumzika. Tangu lini zimwi likauliza maswali?" Simu ya mzee haipatikani mpaka leo. Binti yake akilia kwa majirani, wanamuuliza filamu inatoka lini.

Najua unacheka ndani kwa ndani, afande. Hata mimi nilicheka. Ukimpigia mwelekezi atakwambia ni filamu. Usimpigie. Tafuta mwenye viatu.

Niliyoyaona na kuyasikia ni hayo, na mzaha nimeuacha mlangoni. Miwani nimeiweka mezani kwako.

Sahihi: Kucha

Maelezo ya ofisa: Shahidi amesomewa, amekubali. Mwelekezi amepigiwa simu, amethibitisha kuwa hiyo ni filamu. Miwani imechukuliwa na msaidizi wa mwelekezi, kijana nadhifu, mwenye viatu vyeusi vya kung'aa. Kituo kimealikwa kwenye uzinduzi wa filamu.