Wimbo wa Mirta Sinemani

Tandil, Jumapili

Mwanangu Fabricio,

Hatujambo, na mtini wa uani umezaa vizuri. Jana tulikwenda kutazama filamu ya dada yako Mirta. Ameitunga, ameiongoza, na muziki wote ni wake. Baba yako, aliyezoea kumwambia, "Mshika mawili moja humponyoka, na wewe umeshika matatu," alivaa suti ya harusi yetu.

Sikukwambia mapema: Mirta alipasuliwa koo, hataimba tena. Filamu ilipokwisha, watu walipomwomba aimbe wimbo wake wa zamani, alitabasamu tu. Baba yako akainuka akauimba wote, sauti ikikwaruza.

"Baba, umejifunza lini?" Mirta akanong'ona.

"Ulipokuwa ukijifungia chumbani, mimi nilikuwa mlangoni."

Ukumbi mzima ulisimama, mwanangu. Nami nilikuwa safu ya mbele.

Mama yako,
Ofelia