Nilimzuia bibi mwigizaji asirudi kwao Taiwan

Maman Cécile, nisaidie kabla sijajiaibisha zaidi, maana mimi ni mtu mzima wa miaka hamsini na sita, mzaliwa wa Buyenzi kule Bujumbura, sasa niko Molenbeek, hapa hapa Bruxelles, kazi yangu kutunza wazee majumbani, na tangu baridi ianze namtunza Madame Hsu, mwigizaji wa filamu kutoka Taiwan, aliyekuja kwa binti yake Woluwe baada ya kuvunjika nyonga, na huyo bibi ameigiza tangu utotoni, alianza na yatima, akaja bibi harusi, akaja mama, akaja mama mkwe mkorofi, na siku hizi, anasema mwenyewe, wanampa vizuka tu.

Bon, ili apate nguvu za miguu tukawa tunaigiza filamu zake za zamani pale sebuleni, yeye mama mkwe, mimi mke wa mwanawe, na nilipolia mara ya kwanza akanitazama akasema, "Rayhana, unalia kama mtu aliyeachwa na basi," nami badala ya kuona haya nikanogewa, nikawa nazimia mbele ya kioo nyumbani kwangu mpaka jirani akagonga ukuta.

Sasa watu wa Taipei wamempigia, wanamtaka katika filamu mpya, tena awe bibi mwenye uhai wake, na binti yake akaniuliza jikoni, "Wewe uko naye kila siku. Anaweza kusafiri?" Daktari ameshasema anaweza, na asubuhi ile alipanda ngazi bila kunishika, lakini mdomo wangu ukajibu, "Hapana, bado anayumba." Kugeuka, Madame Hsu yuko mlangoni. Alirudi chumbani akalala akitazama ukuta, na tangu hapo hataki mazoezi. Wanangoja jibu Ijumaa. Maman, wazee wa kutunza hawakosi, ila yeye ndiye mtu pekee mji huu mzima anayefurahi nikibisha hodi. Nifanyeje?

Rayhana, Molenbeek

Dada Rayhana, pole, halafu shika adabu. Donc wewe, mwanafunzi wa sebuleni, umemstaafisha mwalimu wako? Unampenda, sikatai. Lakini mtu hafanywi mgonjwa ili asiondoke. Upweke wa Bruxelles naujua: nilipofika kutoka Bukavu nilikuwa nabishana na redio, mpaka redio ikaniajiri. Ila upweke wako usiutibu kwa nyonga ya mwenzio.

Ijumaa usiingoje. Kesho ukifika, hata koti usivue, waite mama na binti pamoja, useme: "Nilidanganya, kwa sababu sikutaka aende." Basi. Usiigize. Binti akifoka, nyamaza. Akikufukuza, ni haki yake. Bibi mwombe msamaha, na akikubali, mpe mkono mrudi kwenye ngazi siku hiyohiyo, maana kazi inamsubiri.

Na Jumamosi njoo Porte de Namur. Kikundi chetu cha maigizo kinatafuta mtu wa kucheza shangazi mwongo. Usichelewe.