Pakara Isiyo na Pindo

Jumatatu, 11 Februari 2019

Mgeni amefika saa tano asubuhi, mvua na jua vikigombana. Madamu Yolène, kutoka kisiwa cha jirani, Marie-Galante. Mwalimu mstaafu, miaka sabini na kitu, viatu vyeupe kwenye tope la kijiji chetu, Sineku. Nikadhani ni wale watalii wale wale — siku tano, picha mia mbili, mkate wa muhogo, kwaheri. Anaongea Krioli ya kwao, mimi yetu. Tunaelewana vizuri mradi asikasirike.

Nimempa chumba cha nyuma. Hata chai ya kakao hajaionja, akaniuliza kama kweli nasuka vikapu. Nikamwonyesha vidole. Akacheka, akaenda chumbani, akarudi amekumbatia foronya. Ndani ya foronya — pakara, kikapu chetu cha matete.

Nimeanza kusuka nina miaka sita. Sasa nina arobaini na nne. Sijawahi kuona kitu kama kile.

Pakara ya mfuniko, ukubwa wa mto wa kulalia. Nyeupe, hudhurungi, nyeusi, na ule weusi umekolea kama matete yaliyofukiwa matopeni yashike rangi, yakafukuliwa jana. Bibi yake aliipata kwa mtu wa kwetu aliyevuka bahari na mtumbwi enzi hizo. Jina la mtu huyo halijulikani. Mama yake akaweka humo nguo za ubatizo za watoto saba. Mama huyo kafariki mwaka jana. Madamu anasema ameileta "ipaone kwao". Kama anazungumzia mtu.

Nikaigeuza huku na huku. Kuta mbili, katikati majani mapana ya kuzuia maji — hayo tunafanya hata leo. Nikatafuta pindo. Sisi mdomo wa pakara tunaufunga kwa ukamba wa porini, tunashona kuzunguka. Hii haina ukamba. Haina mshono. Chane za matete zinapanda ukuta wa ndani, zinapinduka mdomoni, zinashuka ukuta wa nje, na hazina ncha. Hata moja! Nimetafuta ncha mpaka chai imepoa.

Nikajikuta nanong'ona, kama mtu aliyeingia kanisani misa imeshaanza. Madamu naye akanong'ona. Hatujui kwa nini.

Jumanne, 12 Februari

Nimempeleka kwa Mama Mkubwa Odilia, dada yake marehemu mama yangu. Ana miaka themanini na sita, macho yamezibwa na mtoto wa jicho. Anasuka kwa vidole tu na bado ananishinda. Tulimkuta kibarazani anaparua matete.

"Nani huyo ananukia sabuni ya dukani?"

Nikamwambia ni mgeni wangu, kaleta pakara.

"Pakara ninazo. Mwambie akalete kuku."

Madamu akacheka, akamwekea pakara mapajani. Vidole vya Mama Mkubwa vikaanza safari — mfuniko, pembe, ubavu. Alikuwa anaongea huku akipapasa, ananisuta kwa sababu sijamletea samaki wiki nzima. Alipofika mdomoni akasahau samaki. Akazunguka mdomo mara moja. Mara mbili. Mara tatu.

"Ismay. Ncha umezikata?"

"Sijagusa kitu, Mama Mkubwa."

"Basi kazila nani?"

Hakuirudisha. Amekaa nayo mapajani karibu saa mbili, Madamu kando yake kwenye kigoda, mikono imekunjwa kama mtoto wa shule. Mwishowe akasema: alipokuwa msichana, wazee walidai bibi zao walijua kufunga mdomo bila pindo. Yeye na wenzake wakawa wanawacheka. Majigambo ya vikongwe.

"Miaka sabini nimewaita waongo," akasema. Si kwangu. Aliiambia pakara.

Jumatano, 13 Februari

Nimejaribu. Tangu asubuhi. Chane zangu bora, zilizolowa vizuri. Ukuta wa ndani sawa, ukuta wa nje sawa. Mdomoni — vurugu kama kamba za viatu.

Kaka yangu Garnet kaja kuazima panga, kaniona nimezungukwa na takataka. Anasema nikizidi kuikodolea macho ile pakara itanitolea posa. Nikamwambia angalau itakuwa na adabu kuliko wachumba aliowahi kuniletea.

Kisha naye akaishika. Ni mchonga mitumbwi, mikono kama makasia. Akaishika kwa ncha za vidole. Akairudisha, akaondoka. Panga kalisahau.

Alhamisi, 14 Februari

Nimejaribu tena. Hapana.

Kuna kitu kinafanyika ndani ya mdomo huo ambacho hakionekani kutoka nje wala kutoka ndani. Nimemulika kwa tochi ya simu. Nimeingiza sindano. Giza tu na majani makavu.

Jioni Mama Mkubwa kajikokota na fimbo yake mpaka kwangu, jambo ambalo hajalifanya tangu kimbunga cha mwaka juzi. Akaketi mezani. Akala majimbi na samaki, akajifuta mdomo, akasema neno moja.

"Ifumueni."

Nilitamani ardhi inimeze. Maana na mimi nilikuwa nalitaka neno hilo tangu Jumatatu, sikuwa na ujasiri wa kulitoa.

Madamu akawaka. Maneno yalitoka mbio, nusu nimeyakosa. Niliyoyapata yananitosha. Kwamba kile ni kitu cha mama yake, si daftari la mazoezi. Kwamba vimbunga vimepita juu ya hiyo pakara, nyumba zikaenda, yenyewe ikabaki, leo ije ikatwe na watu wake wenyewe?

Mama Mkubwa hakupandisha sauti. "Binti yangu, mama yako aliitunza. Aliyeisuka ni mama wa kwetu, mama yangu mimi, sema tu sikumkuta. Na alichokijua kipo humo ndani. Unataka kiendelee kukaa humo?"

Madamu akachukua pakara na foronya yake, akaingia chumbani. Sahani kaiacha imejaa.

Nikamsindikiza Mama Mkubwa. Njiani nikamwambia amemkosea mgeni. "Nimemkosea," akasema. "Na bado ninataka."

Ijumaa, 15 Februari

Asubuhi nilitegemea nimkute kafunga mizigo. Nimemkuta jikoni kavaa mabuti yangu ya mvua. Anataka kuona matete yanapoota.

Tukapanda juu ya mto. Larouma, ndiyo matete yetu, za bonde la kwanza zilikatwa mwezi uliopita, ikabidi twende la pili, mteremko mkali, yeye ananishika mkanda kwa nyuma. Nikamkatia matete manne. Nikamwonyesha kupasua moja kwa meno na dole gumba, mbili, kisha nne. La kwanza likampasuka vibaya. La pili likamkata kidole. La tatu likaenda mpaka mwisho, moja kwa moja, likitoa ule mlio wake mdogo. Akabaki ameshika chane zake nne, mdomo wazi, damu inamtiririka hana habari. Nimeona watalii wengi wakifurahi. Ile haikuwa furaha. Alikuwa kama mtu aliyeitwa jina lake na asiyemfahamu.

Tukaketi juu ya jiwe. Akaniuliza nani anasuka baada yangu. Nikamwambia binti yangu yuko Antigua, hotelini, anatandika vitanda. Wapo wasichana wawili watatu. Wanasuka vizuri. Wanasuka ninachokijua mimi, na sasa nimeona kwamba ninachokijua ni robo.

Akafuta damu kidoleni kwa jani.

"Ukiifumua, utaweza kuirudisha kama ilivyo?"

Ningeweza kusema ndiyo. Ulimi ulikuwa tayari. Nikasema, "Sijui, Madamu."

Akatikisa kichwa polepole. "Ungesema ndiyo, leo hii ningeondoka."

Ameniwekea pakara mezani mwenyewe. Masharti yake mawili — mikono yake iwepo, na chochote kikikatika asifichwe. Mama Mkubwa ametoa amri zake: maji ya mto, siyo ya bomba, vitambaa vya pamba, kuifunika kutwa na kucha inywe taratibu, isinyweshwe kwa pupa kama mlevi. Tumeifunika sote watatu. Kama kumfunika mgonjwa.

Jumamosi, 16 Februari

Naandika mbio, vidole vimelowa, karatasi inachanika. Tumesimama kidogo chane zinywe maji.

Tulianza saa kumi na mbili na nusu, mwanga ulipotosha. Boti ya Madamu inaondoka Roseau saa nane. Garnet kajitolea kumpeleka na pikapu lake. Hesabu yetu ilikuwa hivi: kufumua upana wa kiganja tu, kuona siri, kufunga, kuondoka saa nne.

Mama Mkubwa ndiye aliyeipata chane ya kwanza. Kwa ukucha. Alisema hii imelegea kuliko dada zake, vuta. Nikavuta. Ikakatika. Mlio kama kuvunja tambi. Madamu akafumba macho, akasema, "Endelea." Ya pili ikaja nzima. Ya tatu. Ya nne.

Na tumeiona! Ncha zimo. Kila chane inapinduka mdomoni, inashuka chane tatu, inapita chini ya jirani yake, halafu inarudi juu katikati ya kuta mbili na kujificha chini ya mgongo wake yenyewe. Inajifunga kwa uzito wake. Rahisi. Rahisi kiasi kwamba nimecheka kwa sauti, na Mama Mkubwa nilipomwongoza vidole akacheka mpaka akakohoa. "Washenzi wale," akasema. "Vikongwe wale washenzi."

Hapo tulipaswa kufunga.

Lakini nilikuwa nimeinua majani ya katikati kuyasogeza, nikaona weusi mahali ambapo hapapaswi kuwa na weusi.

Ukuta wa ndani, ukiutazama kutoka ndani ya pakara, ni mweupe mtupu, upande wa nyama ya tete. Wote tulifikiri hauna pambo. Pambo lipo. Liko mgongoni mwake, upande unaotazama majani. Upande ambao ukishasuka ukuta wa nje hakuna jicho litakalouona tena. Nyoka mweusi anashuka kwa kupinda, tumbo la hudhurungi, magamba madogo kuliko punje ya mchele, hakuna kosa hata moja katika sehemu tuliyofungua. Upande wa nje, uliokuwa unatushangaza wiki nzima, ni kazi ya haraka ukilinganisha na huu.

Na kikapu huanzia chini. Yaani tangu chane ya kwanza alijua atamfunika nyoka huyo.

Nikauchukua mkono wa Mama Mkubwa nikauweka pale. Akapapasa. Midomo yake ikawa inahesabu, kisha ikaacha kuhesabu. Machozi yakamtoka katika macho yale yasiyoona, na hakuyafuta kwa sababu mikono yote miwili ilikuwa na kazi.

Ni Madamu aliyeuliza. "Anaishia wapi?"

"Kichwa kitakuwa chini kabisa," akasema Mama Mkubwa. "Kitakoni."

Kufika kitakoni ni kufumua ukuta mzima wa nje. Siku mbili, labda tatu. Chane zaidi zitakatika, nimemwambia. Kila nikitazama najua zipi. Tukifunga sasa, nyoka anabaki ndani, tumemwona mkia tu, na pakara inarudi Marie-Galante na kovu dogo ambalo hata ndugu zake hawatalitambua.

Sikusema ninachotaka. Nimemwogopa huyo mwanamke aliyesuka, kwa namna nzuri. Sijui kama anataka tumwone.

Garnet yupo mlangoni na funguo. Anasema ni saa nne na robo, barabara ya mlimani ina matope, aende akawashe gari au vipi? Madamu ameinama juu ya pakara, miwani imemshuka puani, chane mbili amezishika kila mkono moja zisirudi mahali pake. Anamwambia Mama Mkubwa amwonyeshe chane inayofuata.