Paka wa Kijapani

Jumatano, baada ya Isha

Nimecheka hadi mbavu zinaniuma, Mungu anisamehe.

Wifi Mwanaidi alivikuta vitabu vya picha nyuma ya kiti cha pikapu ambayo mumewe ameagiza Japani. Cha mapanga nikamwachia, nikachagua cha paka. Maandishi hatuyajui, tukafuata picha. Tukaanzia kushoto: paka kashiba, halafu ndiyo anaiba samaki!

"Kichaa huyu," akasema Mwanaidi.

"Wifi, tufungulie kulia, kama juzuu ya Kurani."

Hadithi ikanyooka.

Alasiri nikawa nasoma peke yangu mkekani, kanga mdomoni, mabega yanatikisika. Baba Asha akaniona kwa nyuma, nafunua kutoka kulia. Akawanyamazisha wageni wake: "Taratibu jamani, mke wangu analia kwa kumcha Mungu."

Na Magharibi kaenda kulisema msikitini! Sasa kina mama wanataka niwaongoze dua Ijumaa. Mimi na paka wangu...

Nimeshindwa kuficha, nimemwambia mume wangu sasa hivi. Kanyoosha mkono: "Kilete."

Nikajua anakwenda kukichoma. Kakaa mkekani, kanipa mgongo, kafungua kulia.

Mabega yake yanatikisika.