Sauti ya Osvandir Kwenye Filamu ya Tamasha

Mpendwa Mama Iracy, nisaidie kabla sijafanya jambo la kujutia. Mimi ni mtayarishaji wa muziki hapa Goiânia, Brazili, na ni mwongozaji wa filamu za matamasha, nilianza kwa kubeba nyaya, na kazi haijawahi kuninyima usingizi mpaka hii ya Gesiel na Osvandir, ndugu wa tumbo moja wanaoimba pamoja tangu utotoni, Gesiel sauti ya kwanza, Osvandir ya pili. Mwaka jana Osvandir alipasuliwa koo, juzijuzi tukarekodi tamasha lao la kurudi jukwaani, sauti yake ikawa inakwaruza na mara nyingine inakatika kabisa, lakini watu walilia, Mama, hata mpiga picha wangu alilia mpaka kamera ikatikisika. Kwa kawaida mwimbaji hurudi studio kurekebisha palipoharibika, ila Gesiel hataki ndugu yake aitwe, amemleta mtu mwingine aimbe sehemu zote za Osvandir, nami niibandike sauti hiyo kwenye midomo yake.

"Atajuaje?" akaniambia. "Atajiona kwenye skrini, atafurahi, basi. Au unataka watu wamcheke ndugu yangu?"

"Gesiel, mtu anaijua sauti yake."

"Dada Cleonilde, piga kazi. Maswali waachie mapadri."

Na Osvandir kila asubuhi ananipigia: "Dada, nimetoka vipi? Niambie ukweli nile pamonha yangu ya mahindi kwa amani." Namjibu tu, "Umependeza." Jumapili filamu itaonyeshwa ukutani nyumbani kwa mama yao, ukoo mzima utakuwepo. Gesiel ndiye aliyenipa kazi ya kwanza, nampenda kama kaka, na nikikataa atatafuta mwongozaji mwingine. Nifanyeje?

Cleonilde

Cleonilde binti yangu, pole sana. Kukaa katikati ya ndugu wawili kunachosha. Gesiel si mtu mbaya, anamwonea mwenzake huruma, ila huruma yake imezidi mpaka inamziba mwenzake mdomo. Lakini na wewe! Mtu anakuuliza habari za sauti, unamsifia sura? Acha mambo hayo.

Kesho mpigie Osvandir wewe kabla hajakupigia. Mwite studio, Gesiel naye awepo, mvalishe vipokea sauti masikioni asikie alivyoimba, bila kupamba. Akilia, mwache alie. Akitaka kurudia, mwekee kipaza sauti. Akitaka mwingine amwimbie, sawa, ameamua mwenyewe, na jina la huyo mwimbaji liandikwe kwenye filamu. Gesiel akinuna, anune. Akikunyang'anya kazi utaumia, sikudanganyi, lakini utapata nyingine.

Ukishindwa kupiga simu, ifikirie hiyo Jumapili. Filamu inaanza, Osvandir anafungua mdomo pale ukutani, inatoka sauti ya mtu mwingine. Mama yake ndiye atakayekuwa wa kwanza kugeuka kumtazama.